Mguu Pande, Afande

Baba yangu alikuwa askari, na mkubwa wake nyumbani alikuwa mama. Sisemi kwa mzaha. Jioni akirudi kutoka kazini hakuingia kama wanaume wengine wanavyoingia kwao, kofia huku, viatu kule, chakula kiko wapi. Alisimama mlangoni, visigino pamoja, mikono imebana mapajani, kidevu juu, akatoa sauti ya gwaride:

"Afande! Naripoti!"

Mama alikuwa jikoni, au ameketi na ungo wake anachambua sombe, majani ya muhogo. Hakuharakisha hata kidogo. Alimaliza majani aliyokuwa nayo mkononi, akafuta vidole kwenye kitenge, ndipo akamkagua kuanzia buti mpaka kichwa kama mtu anayenunua mbuzi.

"Njia iko namna gani?"

"Njia iko salama, afande."

"Na batu ya kazi?"

"Wote iko sawa."

"Mguu pande," mama akasema. Hapo ndipo baba alipousogeza mguu wa kushoto kando, akashusha pumzi, akaingia, akakaa.

Kwa asiyejua mambo ya gwaride: mguu sawa ni kusimama wima, visigino vimegusana, hata nzi akitua puani humfukuzi. Mguu pande ni kuupeleka mguu wa kushoto pembeni ili mwili upumue. Kabla ya neno hilo baba hakukaa. Siku moja mama alikwenda kwa jirani akanogewa na maneno, mvua ikashuka. Aliporudi alimkuta baba amelowa chapachapa mlangoni, amesimama vilevile, na sisi watoto tumo ndani tumekauka tunamwita aingie. Alisema hajapewa ruhusa. Mama alicheka mpaka akakaa chini kwenye matope.

Tulikaa Rukoki, karibu na mji wa Kasese, kwenye kipande cha shamba ambacho mama alipewa na wajomba zake. Tulilima muhogo na pamba. Baba alitoka kaskazini, ng'ambo ya Nile, mahali ambapo sisi watoto tulipajua kwa jina tu. Mama alikuwa Mkonzo wa Bwera, mpakani kabisa, kule ambako kuku wa Kongo hutaga Uganda. Lugha ya baba hakuna aliyeijua huku, na Kikonzo cha mama kilimshinda baba mpaka anakufa. Akijaribu kuwasalimia wazee, wazee walitazama pembeni wasicheke. Kwa hiyo nyumbani kwetu tulisema Kiswahili. Yeye alikuja na cha kambini, mama na cha sokoni, cha Kikongo, na walipokutana sarufi ilikufa kifo kibaya, lakini hakuna aliyelala njaa kwa kutoelewana.

Majirani walituona watu wa ajabu. Kwa watu wengi wa milimani kwetu, Kiswahili ilikuwa lugha ya wenye bunduki, ya "lala chini" na "toa kitambulisho". Kwetu ndiyo iliyokuwa lugha ya kuombana chumvi. Mimi hiki ninachoandika nilikipata baadaye, nilipokwenda kusoma Tanzania, na niliporudi nacho mama alinisikiliza kidogo akaniambia, "Kiswahili yako iko nanuka sabuni."

Walikutana hivi, na hadithi hii niliisikia mara nyingi hata naweza kuisimulia kwa sauti zao wote wawili. Baba alikuwa kijana, kikosi chao kimepelekwa Bwera kulinda mpaka. Alifanya kosa dogo. Mara lilikuwa kofia, mara kifungo, kila akisimulia kosa lilibadilika. Mkubwa wake akamwamuru asimame mguu sawa mbele ya soko mpaka atakapoambiwa vingine, kisha mkubwa akaenda zake. Jua likapanda. Mama alikuwa ameketi nyuma ya mafungu yake ya muhogo, anauza na kutazama. Watu wakanunua, wakaondoka, soko likaanza kuvunjika, na yule kijana mrefu bado amesimama, jasho linamtiririka mpaka ndani ya buti. Mama akainuka, akaenda kumsimamia mbele.

"Mukubwa yako iko pale hoteli, anakunywa chai," alimwambia. "Amekusahau. Mguu pande!"

Mguu ukaenda. Baba aliapa kwamba yeye hakuamua, mguu wenyewe ndio ulioamua, kwa kuwa askari akisikia amri hatazami mdomo ulioitoa. Mama akampa maji, na mengine yakafuata, mimi nikiwa mmojawapo. Na kila aliposimulia mama alimalizia kwa maneno yale yale: "Kama hapana mimi, angekuwa anasimama pale mpaka leo."

Sisi tulicheka. Sikujua kwamba yeye hasemi kwa kucheka.

Palikuwa na mwaka mbaya Kasese, mwaka wa damu kati ya wenye sare na watu wa kwetu. Kila mtu wa huku anaujua, na sina haja ya kuufukua hapa. Mwaka ule baadhi ya majirani waliacha kumsalimia baba kwa sababu ya sare, na wenzake wa sare wakaanza kumtazama kwa jicho la pembeni kwa sababu ya mke. Yeye alikuwa analinda mitambo ya umeme kule juu Bugoye na hakuwa na habari na mtu. Lakini jioni alisimama mlangoni muda mrefu zaidi kabla ya kuripoti, na mama alipomuuliza njia iko namna gani, alichelewa kujibu.

"Njia iko," alisema. Salama aliiacha.

Mama hakumuuliza tena. Alisema mguu pande, akamwekea samaki. Jumamosi baba alikuwa akipita kwa rafiki yake mmoja aliyeoa Hamukungu, kule kwa wavuvi, anarudi na tilapia kwenye mfuko, na mama alikuwa anamwachia kichwa kwa sababu baba aliamini akili ya samaki haipotei bure.

Presha ilimwangusha baba akiwa zamuni, baada ya mwaka ule kupita. Wenzake wakampeleka hospitali, na hospitali ya kwanza ikampeleka nyingine ya mbali zaidi. Tulipata habari tukiwa shambani. Mama alifunga nguo zake, mimi nikamsindikiza mpaka stendi ya basi mjini Kasese. Alikuwa ameshika mkono wa mlango wa basi tayari kupanda, simu yangu ikalia. Nilisikiliza. Nikamshika tu mfuko wake, naye akajua.

Hakulia pale. Alirudi akakaa kwenye benchi la abiria, watu wanampita na kuku na magunia, akaniuliza, "Nani alikuwa pale na yeye?"

"Sijui, mama. Wauguzi."

"Nani amemwambia apumuzike?"

Nilidhani uchungu umemchanganya. Nikamwambia Mungu ndiye amemwambia. Alinitazama kwa namna ambayo sitaisahau, kama nimemjibu swali la mtu mwingine.

Ndugu za baba walifika kabla ya jeneza. Kaka yake mkubwa ndiye aliyekuwa msemaji wao, mzee mwembamba mwenye koti zito asilolivua hata katika joto letu. Ningependa kusema alikuwa mtu mbaya, ingekuwa rahisi kwangu. Hakuwa mbaya. Alikuwa amesafiri siku mbili bila kulala, na macho yake yalikuwa ya baba kabisa, mpaka ilinibidi niwe natazama vifungo vya koti. Alikuja na jambo moja. Baba atazikwa kwao. Mama yao mzazi bado yu hai, kikongwe hatembei, anamngoja mwanawe.

"Sisi nataka mutu yetu tu," alisema. "Mama yake iko nalia kule. Hii mambo ya hapa sisi hatujui."

Hii mambo ya hapa ilikuwa ni sisi. Baba hakuwahi kumpeleka mama kwao. Kila mwaka alisema mwakani, na mwakani hakuna mlango wa kuingilia. Kwa ukoo wake hakuwa na mke huku. Alikuwa na mahali pa kulala. Wajomba zangu walichemka, wakasema maiti haitoki, wakaanza kutaja mila na mipaka. Mama ndiye aliyewakata.

"Mama yake iko nangoja," aliwaambia. "Mama ni mama. Bamubebe." Kisha akamgeukia shemeji yake. "Mimi hapana kataa. Nataka tu kumuambia neno moja mbele hamujamutosha hapa, hamujamubeba. Moja tu."

Mzee akasema sawa, msibani kila mtu atasema. Wote tulisikia.

Jeneza lilifika asubuhi kwa gari la jeshi, limefungwa, halifunguliki. Walisema ni kwa sababu ya safari na joto. Mama alilizunguka, akagonga ubao upande wa chini kwa kidole, akamuuliza yule askari aliyekuja nalo:

"Miguu yake mumeiweka namna gani?"

Askari hakuelewa. "Mama, ameoshwa vizuri. Yuko na suti."

"Miguu nauliza."

"Miguu iko, mama."

Wanawake wakamshika wakampeleka nyuma, kwenye mikeka, wanapokaa wafiwa wasio na cheo. Mimi nilibaki nimesimama na swali lake kichwani, na wakati huo ndipo nilipoelewa kwa mara ya kwanza. Alikuwa anaogopa kwamba wamemlaza mguu sawa. Alikuwa anaogopa kwamba mtu wake amekufa anangoja ruhusa, na hakuna aliyempa.

Kisha yakaja maneno. Nimehudhuria misiba mingi kabla na baada, na najua kwamba marehemu hana adui kwenye kipaza sauti, lakini siku ile nilikasirika kama sijawahi. Mchungaji wetu alisema marehemu alikuwa nguzo ya kanisa. Baba aliingia kanisani mara ya mwisho kwenye harusi ya jirani, akalala. Mwakilishi wa kambi, luteni kijana ambaye nadhani hakuwahi kumwona, alisema marehemu alikuwa simba asiyejua hofu. Baba aliogopa kinyonga mpaka anapanda kitandani. Kaka yake alisema kwa lugha yao, akatafsiriwa, kwamba marehemu alikuwa mtoto wa ukoo aliyekwenda kutafuta na sasa anarudi. Hapo sikuwa na la kucheka, kwa kuwa mzee alilia katikati ya sentensi. Watatu walisema, na waliyasema ya watu watatu, na hakuna hata mmoja wao aliyewahi kusimama mlangoni kwetu jioni.

Nikaona jua limepanda na askari wameanza kujipanga. Nikamwendea mshereheshaji, mwalimu mmoja wa pale Rukoki, nikamwambia mama bado, mama anataka kusema.

"Dada yangu, wasemaji wamekwisha," alininong'oneza, mkono umefunika kipaza sauti. "Safari ni ndefu, wanataka kuvuka Nile kabla ya giza. Halafu nimtambulishe kama nani?"

"Kama mke wake."

Akamtazama yule mzee wa koti. Mzee alitazama chini. Sijui kama alikumbuka alichoahidi. Mshereheshaji akainua mabega, akarudi kwenye kipaza sauti, akatangaza kwamba sasa tutasindikiza mwili.

Asiyekuwapo na lake halipo, Waswahili wamesema. Lakini mama yangu alikuwapo. Alikuwa pale kwenye mkeka, hatua chache tu, na lake lilikuwa halipo.

Nilirudi kwake. Sikuhitaji kumwambia. Askari walikuwa wamesimama pande mbili za jeneza, safu mbili, vijana tupu, na luteni akawapa mguu sawa. Buti zikalia. Ukimya ukaingia, ule ukimya wa kungoja amri inayofuata, ya kunyanyua. Mama akaondoa mkono wa mjomba mabegani mwake, akasimama, akavuta pumzi. Alikuwa na sauti ya mtu aliyeuza sokoni tangu utotoni.

"Mguu pande!"

Na miguu ikaenda. Yote. Safu nzima, kushoto, puh, vumbi likaruka kwenye magoti ya mchungaji. Luteni mwenyewe, mguu wake uliondoka kabla akili yake haijafika. Kwa muda kidogo hakuna aliyeelewa kilichotokea, wao kuliko wote. Mwanamke mmoja nyuma yetu akapasuka kicheko, akajiziba mdomo. Mimi pia nilicheka. Ndivyo nilivyomuaga baba yangu, nikicheka, na kicheko kiligeuka kilio kikiwa bado mdomoni.

Luteni aligeuka, uso umemwiva. "Nani ametoa amri?"

"Mimi," mama akasema.

"Wewe ni nani?"

Mama akanyoosha mkono kuelekea jeneza. "Mimi iko afande yake."

Nilidhani atamfokea. Luteni alimtazama, akalitazama jeneza, akatutazama sisi watoto wenye sura ile ile ya mtu aliyemo ndani. Kisha akawageukia vijana wake, akasema taratibu, "Kaeni hivyo hivyo kwanza."

Wakakaa hivyo, mguu pande, mikono nyuma, na mama akabaki amesimama anawatazama. Baadaye luteni alitoa amri zake, wakanyanyua, gari likaondoka na baba yetu na kaka yake na koti lake. Vumbi lake lilituama kwenye majani ya muhogo, na tulianza kukunja mikeka ya watu.

Jioni, tukiwa tumeketi na waliobaki, mama aliniuliza, "Amesikia?"

"Amesikia, mama. Kila mtu amesikia."

"Baaskari balisikia. Nimeona miguu yao." Akafuta vidole kwenye kitenge. "Yake sikuona."

Nikamsogezea kikombe cha chai.

Wajomba walitaka kumsaidia. Kwetu, mtu akipotelea mbali mwili usionekane, kuna wanaozika mgomba mahali pake, shina lililofungwa sanda, ili wenye msiba wapate pa kuweka macho. Walikuja na wazo hilo kwa heshima, mjomba mkubwa akaeleza vizuri kabisa. Mama alimsikiliza mpaka mwisho.

"Wasingya," alimshukuru kwa Kikonzo. Kisha akarudi kwenye lugha ya nyumbani kwake, ingawa mjomba hakuipenda. "Lakini mugomba iko na miguu?"

Hatukuzika chochote. Rukoki hakuna kaburi la baba, wala picha yake ukutani, kwa sababu picha moja iliyokuwapo ilichukuliwa kutumika msibani ikaenda na gari. Wapangaji waliokuja baadaye kwenye ile nyumba hawajui hata kwamba palikaa askari. Waliokuwa wakimjua wakitaka kumkumbuka husema, "Yule ambaye mke wake aliamrisha jeshi." Kwa hiyo hata akikumbukwa, anakumbukwa kwa mama, na mimi nadhani angelipenda hilo.

Mama hakuweza kukaa Rukoki. Alirudi Bwera, kwenye nyumba ndogo karibu na dada yake mdogo, na mimi nikapata kibanda cha vitenge soko la mpakani, nikawa nakaa naye. Miezi ya kwanza alikuwa sawa. Alipika, aligombana na wauza mkaa, alikwenda kanisani. Kisha jioni moja nilirudi kutoka sokoni nikamkuta amesimama mlangoni, upande wa ndani, anatazama nje. Visigino pamoja. Mikono imeshuka kando ya kitenge.

"Mama, unangoja nani?"

"Hapana mutu."

"Basi kaa."

"Nitakaa."

Hakukaa. Alisimama mpaka majirani walipowasha taa, akashusha pumzi kwa hasira, akaenda kujitupa kitandani bila kula. Kesho yake vilevile. Ikawa desturi. Nilimuuliza siku nyingine, kwa sauti ya ukali kidogo, maana mimi huzuni ikinizidi huwa mkali, anafanya nini pale.

"Yeye alisimama siku yote ile," alisema. "Mimi nikamutosha. Sasa iko zamu yangu."

"Na wewe nani atakutoa?"

Alitabasamu. Lilikuwa tabasamu la mwisho nililoliona la aina ile, la kunicheka. "Ndiyo maana nasimama," alisema.

Mwaka uliofuata miguu yake ilianza kuvimba. Daktari alisema ni moyo, akampa vidonge, akamkataza kusimama muda mrefu. Nilicheka, daktari akadhani nina wazimu. Nyumbani mama alimeza vidonge vyake vyote kwa utii, na jioni alisimama. Vifundo vilikuwa vimejaa mpaka ngozi inang'aa. Nilimwekea kiti mlangoni akakisogeza kwa goti. Nilimwita mama mdogo aje amkalishe, wakazozana kwa Kikonzo, mama mdogo akaondoka analia. Nilikuwa namchukia kwa jinsi nilivyompenda. Nilikuwa naogopa kwamba nitarudi siku moja nimkute ameanguka pale pale.

Ndipo jioni moja nikafanya nilichodhani ni ujanja. Nilitoka nje, nikasimama mbele yake uani, nikainua kidevu.

"Mguu pande!"

Mguu haukwenda. Alinitazama kwa macho makavu.

"Weye iko nani?"

"Mama, tafadhali."

"Weye iko mutoto. Mutoto hapana patia afande amri." Hakusema kwa ukali. Alisema kama mtu anayemkumbusha mwenziwe kufunga mlango. "Na usirudie tena. Utaniharibia."

Sikurudia.

Alikufa asubuhi, kitandani, wakati nachemsha maji ya uji. Hakuniita. Nilisikia tu kwamba pumzi ile niliyozoea kuisikiliza kupitia ukuta imekoma, nikabaki nimesimama na kijiko, najua, na sitaki kwenda kujua. Sufuria ilifurika, moto ukazimika. Kisha nikaenda.

Mama mdogo alikuja, tukamuosha sisi wawili. Hakuwa mzito, miguu tu ndiyo iliyokuwa na uzito. Tulimpaka mafuta, tukamvalisha gauni lake la bluu la kanisani na kitenge nilichokuwa nimemwekea kwa sikukuu. Nje watu walikuwa wamekwisha kufika, nasikia viti vya plastiki vinashushwa kwenye pikapu, na mchungaji wa Bwera anamuuliza mtu marehemu alikuwa kwenye kikundi gani cha akina mama, ili apate la kusema. Najua alichosema baadaye. Alisema alikuwa mama mwenye upendo, mpole, mnyenyekevu. Mnyenyekevu! Mimi sikupanda kwenye kipaza sauti kumsahihisha. Nilikuwa nimeshafanya langu.

Maana tulipomaliza kumvalisha, mama mdogo alichana ukanda wa khanga, akavikutanisha visigino vya mama, akavifunga vidole gumba vya miguu pamoja, kama inavyofanywa kwa kila maiti ili miguu isiachane. Akakaza fundo, akatoka kwenda kuwapokea wageni.

Nikabaki naye peke yangu. Nikamtazama kuanzia kichwani: kidevu kimefungwa kikakaa juu, mikono imenyooka kando ya mapaja, visigino pamoja. Nikajua anachongoja.

Sikusema neno. Mtoto hampi afande amri. Nilipiga magoti, nikalifungua fundo, ukanda nikautia mfukoni. Nikaushika mguu wake wa kushoto kwa mikono miwili, ulikuwa baridi na umejaa maji, nikausogeza kando kidogo kidogo mpaka ulipotulia. Kisha nikamfunika shuka.

Mama mdogo aliporudi alilipapasa shuka upande wa miguuni, akasimama.

"Mutoto," alisema, "mguu yake haiko sawa."

"Najua, mama mdogo," nikamwambia. "Uache hivyo."